Mti ulioachwa usimame

Barabara ya Lamadi kwenda Bariadi mwezi Agosti hupita kwenye nchi iliyochoka na jua. Pamba imeshavunwa, mabua yake yanasubiri kung'olewa, nyasi zimeliwa hadi kwenye mizizi, na vumbi la ng'ombe wanaoelekea kunywa maji huonekana kabla ya ng'ombe wenyewe. Migunga mingi imepukutisha majani. Halafu, katikati ya shamba la mtu, unaukuta mti mmoja mkubwa wenye kijani kizito. Matawi yake yameinama karibu kugusa ardhi, chini yake mbuzi wamejilaza, watoto wanaokota kitu mchangani na baiskeli imeegemezwa kwenye shina. Huo ni mkwaju. Wasukuma wanauita nshishi, na ukwaju wenyewe wanauita bushishi.

Msomaji aliyekulia Tanga, Bagamoyo au Unguja huenda akashangaa kuusikia huku. Kwake mkwaju ni mti wa kwao: mti wa uani na wa njia panda, wa juisi ya mwezi wa Ramadhani, wa mchuzi wa samaki na wa chatini ya kuchovyea bajia. Kuna Mkwajuni ya Unguja, kuna Mkwajuni ya Kinondoni jijini Dar es Salaam, na huko Songwe, mbali kabisa na bahari, kuna Mkwajuni nyingine. Pwani wapo pia wanaouogopa. Husema usiku hukaliwa na majini, na si kila mtu atakubali kulala chini yake giza likiingia.

Mti ni huohuo mmoja. Wataalamu wa mimea wanaujua kwa jina la Tamarindus indica, na katika jenasi yake hauna ndugu hata mmoja. Kwa miaka mingi vitabu viliuhesabu kuwa mti wa India, lakini wataalamu wengi wa leo wanakubaliana kwamba asili yake ni Afrika ya kitropiki, na kwamba uliivuka bahari kwenda India zamani sana, kiasi kwamba Wahindi nao wana haki ya kuuita wao. Baadaye ukaenea Asia ya kusini-mashariki, na meli za wakoloni zikaufikisha Amerika. Leo Mexico wanakunywa maji ya ukwaju sokoni kama tunavyokunywa sisi Kariakoo, na Waingereza wanautia kwenye sosi yao ya Worcestershire, ingawa wengi wanaoila hawajui.

Kinachouwezesha kuvumilia upepo wa chumvi wa Pwani na kiangazi cha Meatu ni mzizi. Mkwaju hushusha mzizi mrefu mapema, ukiwa bado mche mdogo, na hutafuta maji chini kabisa kabla haujahangaika kurefuka juu. Unakubali mvua ya milimita 500 kwa mwaka na unakubali 1,500. Mahali penye ukame mkali sana huweza kuangusha majani kwa muda mfupi, lakini kwa kawaida mti mkubwa hubaki kijani mwaka mzima. Vijani vyake vidogovidogo, vilivyopangwa jozi kwa jozi, hufumba usiku na kufumbua asubuhi.

Jambo ninalotaka kulisema katika makala hii ni hili. Mikwaju mikubwa unayoiona leo katika mashamba ya Bariadi, Itilima, Maswa, Meatu na Busega, kwa sehemu kubwa, haikupandwa na mtu. Iliachwa. Kuna siku mtu alisimama mbele ya mti huo akiwa na shoka, akautazama, akapita. Habari ya mkwaju na watu wa Simiyu ni habari ya watu hao waliopita. Wasiwasi wangu ni kwamba kuuacha tu, kama walivyouacha wao, sasa hakutoshi.

Nchi iliyofyekwa

Ili kuona uzito wa kuachwa huko, ni lazima tukumbuke jinsi miti mingine ilivyokwenda. Mkoa wa Simiyu ni mchanga. Ulianzishwa rasmi mwaka 2012 kwa kumegwa kutoka Shinyanga, huku Busega ikitolewa Magu, mkoani Mwanza. Kwa hiyo habari za misitu ya Bariadi, Maswa na Meatu zimo ndani ya habari za Shinyanga ya zamani.

Wakati wa utawala wa Waingereza, adui mkubwa wa nchi hii alikuwa mbung'o. Utafiti wake uliwekwa makao Shinyanga chini ya C.F.M. Swynnerton, bingwa wa wadudu hao aliyefariki katika ajali ya ndege mwaka 1938, na dawa iliyoonekana kufaa ilikuwa kuondoa vichaka anamojificha. Watu wengi walikusanywa kwenda kufyeka na kuchoma. Mbung'o alirudi nyuma kweli, ng'ombe wakaingia, na walipoongezeka, miti haikupata nafasi ya kurudi. Ikafuata pamba, zao linalotaka jua na shamba jeupe. Miaka ya 1970 vikaja Vijiji vya Ujamaa. Kaya zilihamishwa, ngitili za familia zikabaki bila mwenyewe wa karibu, na kuni za kijiji kizima zikaanza kutafutwa upande mmoja.

Msomaji asiye wa Usukuma anahitaji maelezo kuhusu ngitili, kwa sababu nitairudia. Ni eneo la malisho ambalo mfugaji hulifunga mvua zinapoanza, Novemba au Desemba, asiingize mnyama hata mmoja, ili nyasi zikue na kubaki akiba. Hulifungua kiangazi kinapobana, kuanzia Julai au Agosti, kwa ajili ya ndama, ng'ombe wagonjwa, maksai wa kulimia na wale wanaokamuliwa. Lengo ni nyasi. Lakini eneo lisilokanyagwa wala kuchomwa moto kwa msimu mzima, miaka ikifuatana, hurudisha miti yenyewe bila mtu kuipanda.

Kufikia katikati ya miaka ya 1980 Shinyanga ilikuwa ikiitwa jangwa la Tanzania, na Mwalimu Julius Nyerere aliguswa na alichokiona huko. Mwaka 1986 ukaanzishwa mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, HASHI, uliofadhiliwa na Norwei. Nitaufikia mradi huo hapo chini, kwa sababu ndio uliotufundisha jambo kubwa kuhusu miti ya kwetu.

Swali la kwanza ni kwa nini, katika kufyeka kote huko, mkwaju ulisalimika pale ambapo miti mingine ilikwenda. Si kwamba ni mti usiofaa kukatwa. Mbao zake za kiini ni ngumu na nzito, zinafaa vinu, michi na mipini, na mkaa wake una moto mkali. Wala si kwamba unampendeza mkulima. Kivuli chake ni kizito na majani yake yanayodondoka yana uchachu, hivyo chini yake pamba haistawi na mahindi hubaki mafupi. Mwenye ekari tatu akiwa na mikwaju miwili, anajua kabisa kipande cha ardhi anachokipoteza kila mwaka.

Aliuacha kwa sababu ya tumbo.

Uchukue mkononi. Ganda la ukwaju ulioiva ni la kahawia, jepesi, na ukilibonyeza linavunjika kwa sauti kavu. Ndani, nyama yake imeshajitenga na ganda, imekunjamana na kunata, na nyuzi ngumu zinaizunguka kutoka kwenye kikonyo hadi nchani. Hizo nyuzi unaziondoa kwanza, zinatoka zote kwa pamoja ukizivuta vizuri. Mbegu zimo ndani ya nyama, ngumu, zinang'aa. Ukikuta ganda lina tundu dogo la duara, fukusi amekutangulia. Ni mdudu yuleyule anayetoboa karanga ghalani, Caryedon serratus, na ukwaju ni mojawapo ya makao yake ya asili. Anayehifadhi karanga na ukwaju chumba kimoja, kama wafanyavyo wengi, anamkaribisha mwenyewe.

Nyumbani bushishi huloanishwa kwenye maji. Mama anaufikicha kwa vidole mpaka maji yawe mazito, yenye rangi ya udongo mwekundu, kisha anachuja mbegu na nyuzi na kubaki na maji machachu matupu. Hayo ndiyo yanayotiwa kwenye busara, yaani uji, wa mtama au wa mahindi, na wapo wanaoyasongea ugali. Uji wa namna hiyo haumkinai mtu upesi, na aliyeshinda juani hukata nao kiu na njaa kwa pamoja. Kwa macho yangu, umuhimu wake mkubwa uko kwenye majira. Ukwaju huiva kiangazi na unaweza kuning'inia mtini kwa miezi bila kuoza. Miezi hiyo ndiyo ng'ombe wanapokauka viwele na maziwa ya mgando kuadimika katika kaya nyingi. Uchachu wa bushishi unashika nafasi ya uchachu wa maziwa, katika mlo ambao bila hivyo ungekuwa nafaka na maji.

Matunda mengi yakiiva, asidi hupungua na utamu ukatawala. Ukwaju hauko hivyo. Sukari inapanda, lakini asidi yake, inayoitwa asidi ya tatariki, inabaki pale pale, na ndiyo maana ulimi unapata vitu viwili kwa wakati mmoja. Watu wengi hudhani uchachu huo ni vitamini C. Kwa kweli vitamini hiyo ni kidogo sana katika ukwaju. Kilichomo kwa wingi ni potasiamu, pamoja na madini mengine kama kalsiamu na magnesiamu, na tumbo lililofunga hulifungua, jambo ambalo bibi zetu hawakuhitaji kuambiwa na mtu.

Kuna habari moja ya ukwaju inayopaswa kusikika zaidi Meatu na Maswa kuliko mahali pengine popote nchini. Wilaya hizo ziko katika ukanda ambao maji ya visima vyake yana floridi nyingi. Floridi ikizidi mwilini hubadilisha rangi ya meno ya watoto, na kwa miaka mingi huweza kuharibu mifupa. Shirika la Afya Duniani linaweka kikomo cha miligramu 1.5 kwa lita. Mwaka 2002 watafiti wa Hyderabad, India, nchi yenye tatizo hilohilo, walichapisha matokeo ya jaribio dogo: wavulana wa shule walipewa gramu 10 za ukwaju kila siku kwa siku 18, na floridi iliyotoka kwenye mkojo wao iliongezeka. Jaribio hilo lilikuwa la watu wachache, na ukwaju hauwezi kuchukua nafasi ya maji safi. Hakuna anayepaswa kuacha kudai maji ya Ziwa Victoria yanayoelekezwa Simiyu kwa mradi mkubwa wa kuhimili mabadiliko ya tabianchi, kwa sababu tu ana mkwaju nyuma ya nyumba. Lakini mkoa wenye maji ya aina hiyo na mti wa aina hiyo, ulioamua kwa akili yake kuula karibu kila kiangazi, unastahili utafiti wake wenyewe, unaofanywa hapahapa kwa watoto wa hapahapa.

Juu ya kichuguu

Ukitaka kujua mkwaju unapenda wapi, tazama chini. Usukuma una majina ya kila aina ya udongo, kuanzia luguru, vilima vya mawe, hadi luseni ya mchanga, itogolo ngumu na mbuga nyeusi bondeni. Mbuga ni tajiri kwa pamba na mtama, ila mvua ikinyesha maji hutuama, na mkwaju hauvumilii miguu kukaa majini. Ndiyo maana bondeni huuoni ovyo. Unauona kando ya mito ya msimu, penye kingo zilizoinuka, na unauona juu ya vichuguu.

Kichuguu cha mchwa ni mahali pazuri kwa mche. Kimeinuka, kwa hiyo maji hayatuami. Mchwa wameleta udongo wenye rutuba kutoka chini. Nyasi juu yake mara nyingi ni haba, kwa hiyo moto wa kiangazi ukipita mbugani unakizunguka. Plau nayo inakikwepa, maana hakuna anayetaka kuvunjia maksai wake nira pale. Ndege, nyani au mbuzi akiiacha mbegu hapo, mbegu imepata nyumba. Ukanda wa mashariki, karibu na Pori la Akiba la Maswa na Serengeti, tembo nao hula ukwaju na kuisafirisha mbegu mbali, ingawa najua mkulima wa Itilima au Meatu aliyeliwa mahindi usiku kucha hana hamu ya kusikia sifa za tembo, na simlaumu.

Sasa tazama chini tena, lakini mara hii utafute miche. Hapo ndipo moyo wangu unapoingia shaka. Katika mashamba ya Simiyu utaona mikwaju mizee mingi, yenye mashina ambayo watu wawili wakishikana mikono hawayazungushi. Yenye unene wa mkono ni michache mno. Ya kimo cha goti huioni kabisa, isipokuwa kwenye kichaka chenye miiba au ndani ya ngitili. Tatizo hili si letu peke yetu. Huko Benin, watafiti waliochunguza mikwaju ya eneo la Hifadhi ya Taifa ya W na kuchapisha matokeo yao mwaka 2010 walikuta miche mingi zaidi katika misitu ya kando ya mito, na michache sana mashambani, ingawa mashambani ndiko watu wanakoilinda miti mikubwa.

Sababu zake zinaonekana. Babu aliyeuacha mkwaju usimame alilima kwa jembe la mkono, na jembe la mkono huuona mche. Plau haiuoni, wala trekta. Mbuzi wa siku hizi hula mashambani kuanzia mavuno hadi mvua, na mche wa mkwaju una majani laini yasiyo na mwiba hata mmoja wa kujitetea. Kanuni za pamba zinataka mabua yang'olewe na kuchomwa kabla ya Septemba 15 ili kuvunja mzunguko wa wadudu. Ni kanuni nzuri, yenye sababu, lakini moto wa shamba ukizagaa pembezoni humaliza kila kilichoota mwaka huo. Na watoto wanaokota ukwaju wote unaodondoka, kama ilivyo haki yao. Mbegu inaishia jikoni, si kichuguuni.

Kwa hiyo mti mzee unabaki peke yake, unazaa kila mwaka, na mwaka ukiisha hakuna aliyeurithi. Siku upepo ukiuangusha, au mwenye shamba akipata shida ya ada ya shule na kumwita mchoma mkaa, mahali pake panabaki pamba tupu. Mkaa ni shida ya kweli. Simiyu ina watu zaidi ya milioni 2 kwa sensa ya 2022, na wengi wanapika kwa kuni na mkaa. Mkwaju mmoja mkubwa hutoa magunia ambayo kijana hawezi kuyapata kwa migunga ya porini kwa siku nyingi. Kumwambia asiukate bila kumwonyesha ukwaju unavyoweza kumlipa ni kumwachia mzigo ambao sisi wenyewe hatuubebi.

Nirudi kwenye HASHI. Mradi ulipoanza, mawazo yaliyotawala yalikuwa ya vitalu vikubwa na miche ya kugawa, mingi ikiwa ya miti ya kigeni. Wanavijiji waliipokea kwa ubaridi. Baadhi ya miti hiyo ilishindana na mazao yao, mingine haikuwa na kazi waliyoijua, na umwagiliaji ulikuwa juu yao. Mradi ulipata nguvu ulipogeuka na kuwauliza wenyeji walikuwa wakifanyaje zamani. Jibu lilikuwa ngitili. Sheria zake zikalindwa na mabaraza ya kijadi, dagashida, na sungusungu, kwa faini ambayo kila mtu aliielewa. Mwaka 1986 ngitili zilizorekodiwa zilikuwa takriban hekta 600 tu. Kufikia mwanzoni mwa miaka ya 2000 zilizidi hekta 300,000 katika mkoa wa Shinyanga wa wakati huo, Bariadi, Maswa na Meatu zikiwemo. Utafiti wa mwaka 2005 ulioongozwa na Profesa Gerald Monela wa Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo ulikadiria kwamba manufaa ya ngitili, kuanzia kuni na malisho hadi asali, dawa na matunda ya porini, yalifikia dola 14 kwa mtu kwa mwezi, wakati matumizi ya wastani ya mtu wa kijijini Tanzania yalikuwa dola 8.50.

Takwimu hizo naziheshimu sana, lakini kinachonigusa zaidi ni njia iliyozizaa. Nchi iliyokuwa ikiitwa jangwa iliota tena kwa sababu watu walikubaliana kutolikanyaga eneo fulani kwa miezi fulani. Mkwaju unahitaji makubaliano ya aina hiyohiyo, isipokuwa wenyewe unaishi zaidi shambani kuliko ngitilini, na shambani hakuna dagashida iliyokaa kuuzungumzia.

Gunia na kilichomo ndani

Fedha ya ukwaju ipo. Dar es Salaam hunywa juisi yake mwaka mzima na hula pipi zake, na ukwaju unaouzwa huko kwa kiasi kikubwa hutoka mikoa ya bara yenye ukame, Dodoma ikiwa mojawapo inayojulikana sana. Usukuma unao, lakini aghalabu unauzwa vibaya. Unaingia kwenye gunia pamoja na maganda, nyuzi, mbegu na mchanga wa chini ya mti. Katika tunda zima, nyama yenyewe ni kama nusu ya uzito, mara nyingi chini ya hapo. Anayesafirisha gunia la namna hiyo kutoka Mwanhuzi au Nyashimo hadi Dar es Salaam analipa nauli ya maganda, na mnunuzi anajua, kwa hiyo bei inashushwa tangu shambani.

Kumenya, kuondoa nyuzi, kutoa mbegu na kukandika nyama safi katika vifurushi ni kazi isiyotaka mtambo wa gharama. Inataka mikono misafi, turubai, kivuli, na mtu wa kukusanya. Wakati Anthony Mtaka alipokuwa mkuu wa mkoa, kuanzia 2016, Simiyu ilijulikana nchi nzima kwa wazo la kila wilaya kuwa na bidhaa yake: Maswa ikatengeneza chaki, Meatu ikasindika maziwa. Ukwaju haukupata wilaya. Ningefurahi kuuona ukipewa moja, na Itilima ingenipendeza.

Kisha kuna mbegu, ambazo sisi tunazitupa au watoto wanazichezea bao. India huzikaanga, huziondoa ngozi na kuzisaga, na unga wake hutumika viwandani kuupaka uzi wa pamba na wa juti ili usikatike kwenye mashine ya kufumia. Fikiria hilo ukiwa Bariadi, makao makuu ya mkoa unaoongoza nchini kwa pamba. Sehemu kubwa ya pamba ya Tanzania husafirishwa nje kabla ya kusokotwa, na mbegu za mti uliosimama katikati ya shamba hilohilo la pamba zinabaki mavumbini. Siku tutakapofuma nguo zetu wenyewe kwa wingi, dawa ya kuupaka uzi itakuwa tayari inaota hapa.

Thailand imekwenda mbali zaidi. Katika mkoa wa Phetchabun wakulima wamechagua mikwaju yenye tunda tamu, wakaizalisha kwa kubebesha, na sasa ni zao la bustani kama machungwa ya Muheza. Mkwaju ulioota kutokana na mbegu unaweza kuchukua miaka saba au zaidi kabla ya kuzaa. Uliobebeshwa huanza katika miaka mitatu au minne na hubaki mfupi, rahisi kuchuma. Hatuhitaji aina yao tamu. Uchachu ndio tunaoutaka. Tunachohitaji ni vikonyo vya mikwaju bora ya kwetu, ile ambayo kila kijiji kinaijua kuwa ina nyama nene na mbegu chache, kabla haijawa mkaa.

Kila halmashauri nchini imepewa lengo la kupanda miti milioni 1.5 kwa mwaka. Simiyu ina halmashauri sita, kwa hiyo mkoa una lengo la miti milioni 9 kila mwaka. Vitalu vingi hujazwa mijohoro, mikaratusi na miarobaini, miti inayokua haraka na kuonekana haraka kwenye ripoti. Naomba mkwaju upate sehemu yake ya viriba hivyo. Kuotesha kwake hakuna ugumu. Mbegu zinaokotwa bure kiangazi, zinalowekwa usiku mmoja, zikianza kuvimba zinatiwa kwenye viriba virefu, kwa sababu mzizi ule unaoshuka mapema ukikuta kiriba kifupi hujikunja na mti hauwi mti tena. Zikiwekwa viribani Julai, miche inakuwa imekomaa kiasi cha kwenda shambani mvua za Novemba zikianza, wakati uleule ngitili zinapofungwa.

Na ikifika shambani, ipandwe pembeni ya kichuguu, mbali na mistari ya pamba. Izungushiwe miiba ya mgunga kwa miaka mitatu ya kwanza, mbuzi wasiifikie. Kando yake kichomekwe kijiti kirefu chenye kitambaa cheupe, na kijana anayeshika plau aonyeshwe kilipo kabla hajaanza kulima.